Mapovu Katika Chungu cha Angurai

Kwanza ulisikika mlio: paa, kama tairi limepasuka, halafu pssss ndefu iliyofanya nusu ya soko la Busia iiname. Watu walipoinua vichwa waliona kreti la soda limeanguka kutoka kwenye pikapu, na kando yake kijana mrefu, mweusi wa kung'aa, amelowa soda ya chungwa kuanzia nywele hadi viatu.

Mbele yake alisimama msichana aliyekumbatia mananasi mawili kifuani kama mapacha. Gauni lake la njano lilikuwa limepata madoa hadi magotini. Hakulia wala hakutukana. Alimtazama kijana yule kwa utulivu wa mtu anayechagua kisu.

"Dada, nisamehe," kijana alisema. "Chupa moja imenishinda."

"Haijakushinda. Umezianika juani tangu asubuhi kama nguo. Soda ikishikwa na joto hutafuta mlango."

"Kumbe wewe ni fundi wa soda."

"Mimi ni fundi wa vinywaji. Wewe ni mchukuzi wa soda, tena mchukuzi mbaya."

Wanawake wa nyanya wakacheka. Kijana naye akacheka, na hapo ndipo msichana yule, Zilpa, alipouona mwanya kati ya meno yake ya mbele. Jioni hiyo, akilifua lile gauni, alijikuta anaufikiria mwanya huo kuliko madoa.

Jina la kijana lilikuwa Okwi, Mteso wa Angurai, na alikuwa akisambaza soda kutoka ghala moja la Malaba hadi maduka ya Busia. Zilpa aliishi Burumba na baba yake, mzee Makokha. Alikuwa akiandaa panchi ya matunda kwa harusi, ubatizo na sherehe za kumaliza shule. Nanasi, pasheni, chungwa, ndimu, tangawizi iliyochemshwa na sukari hadi ikawasha koo. Vyote vilikaa pamoja vikapoa, na soda nyeupe ilimiminwa mwisho kabisa, taratibu, kwenye ukingo wa chombo, wageni wakiwa wameshakaa. Mapovu hayamsubiri mtu, alipenda kusema.

Okwi alianza kumletea soda hiyo nyeupe, kila chupa imefunikwa gunia bichi. Simu zikafuata. Alimpigia akiwa kwenye foleni ya malori Malaba, akamwita Nanasi. Naye Zilpa akamwita Mchukuzi, na neno hilo likawa tamu kuliko mpenzi. Siku moja Okwi alimtumia ubeti alioutunga mwenyewe:

*Nanasi lina miiba, juu limevaa taji,*
*Sikuja kwako kuiba, nimekuja muhitaji.*

Zilpa alijibu kwamba muhitaji aje na kisu chake mwenyewe, kisha akaibusu simu kama mjinga.

Walipoamua kuoana, ugumu ulitokea mahali walipoutarajia. Kwa Wateso, wazee hukaa wakakizunguka chungu kimoja cha ajono, pombe ya wimbi, kila mtu na mrija wake mrefu, na neno linalosemwa hapo ndilo neno. Mjomba wake Okwi, Emorut, alisema waziwazi kwamba hajawahi kuzungumza ng'ombe wa mahari na watu wenye koo kavu. Lakini nyumbani kwa mzee Makokha pombe haikuvuka mlango. Zamani mzee huyo alikunywa mpaka akauza mabati ya jikoni; mkewe alifia chini ya paa la nailoni. Kando ya kaburi lake aliapa, akaacha, na sasa ndiye aliyesoma masomo kanisani kila Jumapili, kwa suti ya kijivu na sauti isiyotetemeka. Zilpa alimpenda baba yake kama mtu anavyokipenda kitu alichokiokota kwenye moto.

Wazo lilikuwa la Okwi. Kiletwe chungu cha mama yake, Amongin, na mirija yake, ila ndani mtiwe panchi. Watu wa Angurai wapate duara lao, wa Burumba wapate kinywaji chao. Zilpa alimwambia kwamba ana akili kuliko sura yake.

"Na nitawapa wazee wenu kitu cha kulegeza ulimi," Okwi alitania kwenye simu, "ng'ombe wapungue kidogo."

"Jaribu. Baba yangu atakuongezea wawili kwa utundu."

Ijumaa kabla ya Krismasi alikileta chungu, kikubwa, cheusi kwa miaka ya kazi. Zilpa aliuliza kama kimeoshwa. Okwi alijibu kimeoshwa, na hakusema uongo, maana mama yake alikiosha kama Wateso wote wanavyoosha chungu cha ajono: maji matupu, kisha jua. Sabuni haigusi chungu hicho kamwe, isije ikaharibu pombe ijayo. Hakuna kati yao aliyefikiri kwamba udongo unakumbuka, kwamba chachu ya pombe bado imo. Zilpa aliijaza panchi yake humo, akaifunika kwa kitambaa, akashukuru kwamba udongo utaipoza bila friji.

Jumapili joto la Desemba lilikuwa limelala juu ya Burumba kama blanketi. Zilpa alivaa kitenge cha kijani kilichombana kiunoni, nywele amezisuka mistari, shanga nyekundu za Amongin shingoni. Okwi alifika mapema kuwatangulia watu wake, shati jeupe, kola imenyooka. Zilpa alimshika mkono akamvuta jikoni.

"Njoo uone maajabu. Sijatia soda hata tone, na inaimba."

Alifunua kitambaa. Povu jepesi lilikuwa limeuzunguka mdomo wa chungu, na ndani mlisikika mlio mdogo, kama mvua ya mbali kwenye majani. Zilpa hakuwa ameonja pombe maishani mwake. Uso wake uling'aa, aliona baraka. Akachota kijiko, akamlisha.

Okwi alilelewa mgongoni mwa mwanamke anayepika ajono. Ulimi wake ulijua kabla yeye hajameza: panchi imegeuka pombe.

Wakati huohuo nyimbo zilikuwa zimefika langoni. Winny, shangazi yake Zilpa, alipiga vigelegele. Sauti nzito ya mjomba Emorut ilikuwa ikiuliza kwa dhihaka kama watoto wa siku hizi wameandaa maziwa. Okwi alimfikiria Emorut akicheka hadi Angurai. Aliona chungu kikimwagwa uani mbele ya wakwe, na mama yake ameinamisha kichwa. Soda itaizimua, alijiambia. Ni kidogo tu.

"Ikoje?" Zilpa aliuliza.

"Tamu," alisema Okwi.

Neno moja. Mwanamume anaweza kubeba kreti kumi na asiweze kubeba neno moja.

Zilpa alimimina soda kwenye ukingo, akatupia vipande vya nanasi, na chungu kikachemka kwa furaha. Wazee walikaa duara, wakakizunguka. Mzee Makokha aliupokea mrija, akavuta. Akasita. Alifumba macho kwa muda. Winny alidhani anaomba. Kisha akavuta tena. Hakuuachia mrija mpaka jua lilipopinda. Alicheka kuliko watu walivyowahi kumsikia akicheka, akawasamehe Wateso ng'ombe wawili bila kuombwa, na Emorut mwenyewe akasema kinywaji hiki kina heshima. Okwi alikaa katikati ya furaha hiyo kama mtu aliyekalia msumari.

Jioni mzee alisema anawasindikiza wageni. Hakurudi. Walimkuta asubuhi ng'ambo ya mpaka, suti ya kijivu imejaa tope, mfukoni hakuna Biblia wala viatu mguuni.

Shangazi Winny, aliyekwenda kuosha chungu, alinusa mabaki, akaonja, akamwita Zilpa bila kuinua sauti. Zilpa alipiga simu akiwa amesimama palepale, chungu miguuni.

"Okwi. Jana nilikulisha kijiko. Ulijua?"

Kwenye simu zilisikika honi za malori ya Malaba.

"Nilijua."

"Ulisema utawalegeza ulimi. Mimi nilicheka."

Hapo angeweza kumwambia kwamba ule ulikuwa utani, kwamba hakupanga lolote, kwamba aliogopa aibu ya mama yake. Lakini kiburi kilimkaba: mtu anayemwona mwovu kiasi hicho, alifikiri, hana haja ya kuelezwa. Akanyamaza. Zilpa akakata simu, na shanga nyekundu zikarudishwa Angurai ndani ya kile chungu.

Mvua za masika zilikuja na kupita. Kanisani somo lilisomwa na mtu mwingine. Zilpa aliacha panchi. Alipokea tenda za chai tu, maana hakustahimili kusikia kitu kikichemka kwa mapovu. Baba yake alitoka kila asubuhi akiwa ameahidi na kulia, na kila magharibi alionekana kwenye kona ya barabara, anayumba, lakini mzima, viatu mguuni. Zilpa alidhani Mungu amemwachia mzee walau kumbukumbu ya njia.

Siku moja mvua ilinyesha kwa hasira. Zilpa alitoka na mwavuli kumpokea baba yake kwenye kona, akaiona pikapu ya soda imesimama. Okwi alikuwa akimshusha mzee, akimfunga kamba za viatu, maji yakimtiririka mgongoni. Alikuwa amekonda.

"Tangu lini?" Zilpa aliuliza.

Mzee ndiye aliyejibu, ulimi mzito. Alisema huyu kijana humtafuta Malaba kila jioni, kwenye vilabu ambako waumini hawafiki, humtoa hata kwa kubebwa, na humwomba asimwambie binti.

"Na wewe usimlaumu," mzee aliendelea. "Nilijua kwa mvuto wa kwanza, mwanangu. Mungu anisamehe. Nilijua, nikavuta wa pili."

Zilpa aliushusha mwavuli. Mvua ikamlowesha nywele.

"Nilidhani ulipanga na mjomba wako. Hukupanga," alisema hatimaye.

"Hapana. Niliona haya tu. Ilinipasa nikimwage kile chungu."

"Ungeniambia siku ile kwenye simu."

"Kweli, ningekuambia."

Alimsogelea, akamfuta maji usoni kwa kiganja, polepole, kama zamani. Okwi alifumba macho. Kwa nukta ile alidhani amerudishiwa dunia.

"Nakupenda bado, Mchukuzi. Hilo ndilo linaloniua," Zilpa alisema. "Lakini nikiolewa nawe, kila utakaponiambia kitu ni kitamu, nitasimama na kijiko mkononi nikijiuliza. Siwezi kuishi hivyo. Usinisubiri."

Okwi alikubali kwa kichwa. Zilpa aliuinua mwavuli, akamshika baba yake mkono wa kushoto, wakaanza kutembea kuelekea lango.

Mzee Makokha alisimama, akageuka. Maji yalikuwa yakimchuruzika kidevuni na macho yake yalikuwa mekundu, lakini kwa mara ya kwanza jioni ile yalitazama sawasawa.

"Kijana," aliita. "Mimi nitapona?"

Zilpa naye aligeuka. Okwi aliona anavyomwangalia, akajua ni neno gani rahisi lililokuwa tayari kwenye ulimi wake, tamu, jepesi, lenye mapovu. Akalimeza.

"Sijui, baba," alisema. "Ila kesho jioni nitakuja kukutafuta popote utakapokuwa, na nitakurudisha hapa kwa binti yako."