Anuani ya Mwombaji

Verna Moyer aliegesha gari mbele ya ofisi ya usajili wa magari saa kumi na nusu jioni, Jumatatu ya mwisho ya Novemba. Jua lilikuwa limeshazama nyuma ya vilima vya kifusi cha machimbo, na theluji ya kwanza ya mwaka ilikuwa ikianguka chembe moja moja, kama majivu. Ofisi ilifungwa saa kumi na moja. Alikuwa na nusu saa, na kazi yenyewe ilikuwa ya dakika tano.

Alihitaji karatasi moja tu.

Wakili alikuwa amemweleza taratibu, kama mtu anayemweleza mgonjwa. Mumewe, Harlan, aliondoka nyumbani na pikapu yake ya kijani miaka kumi na mmoja iliyopita, asionekane tena. Sasa Verna alitaka kuolewa na Merle Haas, fundi wa majiko ya kupashia nyumba joto, mtu mpole anayecheka hata akiwa peke yake. Ili jaji amtangaze Harlan kuwa amekufa, ilibidi ipatikane kumbukumbu ya idara ya magari ya jimbo ikionyesha kwamba tangu siku ile hakuna mtu aliyehuisha kadi ya pikapu ile. Mtu aliye hai huhuisha kadi ya gari lake, wakili alisema. Mfu hahuishi.

Ndani kulikuwa na joto na harufu ya wino. Hapakuwa na foleni. Karani, mama mmoja mnene aitwaye Arlene Gruber, alikuwa akila biskuti za chumvi kutoka kwenye mfuko wa karatasi. Hakuwa mtu wa mji ule. Alikuwa ameletwa kutoka kaunti ya pili miaka michache nyuma, na Verna alifurahi kwamba hangeulizwa habari za Harlan.

Alijaza fomu akiwa amesimama. Namba ya gari. Jina la mwenye gari. Sababu ya kuomba kumbukumbu. Kisha jina la mwombaji, anuani ya mwombaji, na sahihi. Aliandika kwa mwandiko wake wa shule, mzuri, wa mviringo. Arlene akapiga mhuri, akachana nakala ya chini, akaitia kwenye kikapu cha waya pembeni mwake. Halafu akabonyeza mashine.

Mashine ilianza kuchapa. Iliendelea kuchapa.

Verna alitegemea mstari mmoja. Ukatoka ukurasa mzima.

Arlene aliung'oa, akaupitisha chini ya kioo, akarudi kwenye biskuti zake. Verna alisoma akiwa ameweka kidole juu ya karatasi. Kadi ilihuishwa mwaka ule Harlan alipoondoka. Na mwaka uliofuata. Na uliofuata huo. Kila Novemba, bila kukosa, na mhuri wa ofisi hii hii.

Kando ya kila mwaka kulikuwa na anuani.

Ya kwanza ilikuwa shamba lao la zamani, Barabara ya Machimbo. Hilo lilieleweka. Lakini iliyofuata ilikuwa chumba cha juu ya duka la nyama la Kutz. Verna alikuwa amepanga chumba kile baada ya kuuza shamba. Harlan hakuwahi kukijua. Iliyofuata ilikuwa nyumba ya dada yake, Miriam, alikokaa majira mawili ya baridi. Halafu vyumba vya nyuma vya kanisa la Kilutheri. Halafu Mtaa wa Kinu.

Kila mahali alipowahi kuishi, isipokuwa anapoishi sasa.

Alihesabu miaka kwa kidole, polepole, mara mbili. Ukiondoa ya shamba, kila anuani ilikuwa imeandikwa mwaka mmoja baada ya yeye kuhama hapo.

Hakuwahi kumweleza mtu kwa nini alihamahama. Palikuwa hapana sababu ya kusemeka. Angeamka asubuhi akute harufu ya maji ya machimboni ndani ya nyumba, yale maji meusi yaliyotulia kwenye shimo yalikochimbwa mawe ya kuezekea nyumba, na siku hiyo hiyo angeanza kufunga mizigo.

Alijua harufu ile vizuri, kwa maana ndiye aliyekwenda huko kwa miguu yake.

Ilikuwa baada ya Harlan kumvunja mkono kwa mara ya pili. Verna alikwenda kwa Sadie Kline, mama aliyewatibu watu kwa maneno, na kwa watu wengine alifanya na mambo mengine. Sadie aliandika jina la Harlan kwenye karatasi, akaikunja mara tatu, akaishona ndani ya kipande cha ngozi. Verna akaitupa katika maji ya machimbo akiwa amefumba macho. Siku ya tatu Harlan alitoka kwenda kununua tumbaku.

Sadie hakumwambia kwamba Harlan atakufa. Verna alikuwa amejifunza kutolikumbuka hilo. Sasa alisimama mbele ya dirisha la karani, na maneno yale yakamrudia yote, kana kwamba yanasemwa sikioni.

"Nimemfunga njiani. Ataendesha mpaka dunia iishe, hatakufikia. Ila wewe mwenyewe, kwa mkono wako, usimwandikie uliko."

Aliangalia kikapu cha waya. Nakala ya fomu yake ilikuwa juu kabisa. Aliuona mwandiko wake kupitia kioo.

Aliuliza, kwa sauti aliyojitahidi iwe ya kawaida, ile nakala ya pili ni ya nani.

"Ya mwenye gari," Arlene alisema. "Ndiyo sheria, Bibi Moyer. Mtu akiulizia gari lako, una haki ya kujua nani kauliza."

Basi mtaituma kwa posta, Verna alisema.

Arlene alitikisa kichwa. Haina haja, alisema. Yule bwana huja mwenyewe kila mwaka, siku kama ya leo, dakika za mwisho mwisho. Bwana mkubwa, mwenye kofia. Haongei. Karatasi zake daima zimelowa, inabidi Arlene azianike juu ya jiko kabla ya kuzipiga mhuri. Arlene alikuwa akimhurumia. Alidhani ni bubu.

Saa ya ukutani ilionyesha saa kumi na dakika hamsini na mbili.

Verna alisema amekosea anuani. Aliomba fomu yake arekebishe, na nakala pia. Arlene alishusha pumzi, lakini akazitoa. Verna aliivuta kalamu. Alikata anuani yake, akaifuta kwa mistari mpaka karatasi ikakaribia kutoboka. Juu yake akaandika mahali pa kwanza palipomjia kichwani.

Barabara ya Machimbo.

Akafanya vivyo hivyo kwenye nakala. Arlene aliitazama fomu ile iliyochafuka, akasema makao makuu wataikataa, watairudisha kwa wakili. Verna akasema warudishe tu.

Ndipo mwanga ulipoingia dirishani.

Taa mbili za gari, za manjano, dhaifu. Ziligeuka polepole kwenye maegesho, zikasimama nyuma ya gari la Verna, karibu kabisa, zikaliziba. Injini iliendelea kunguruma.

Ofisi ilikuwa na mlango mmoja.

Alinong'ona akiomba kupita ndani, nyuma ya kaunta. Arlene alianza kusema hairuhusiwi, halafu akauona uso wake. Akafungua kimlango. Verna alichuchumaa kati ya makabati ya chuma, mgongo ukutani, magoti kifuani. Akaziba mdomo kwa kiganja.

Kengele ya mlango ikalia.

Hatua. Nzito, za taratibu. Na kati ya hatua na hatua, sauti ya maji yakidondoka sakafuni.

Tup... tup... tup...

Harufu ikaja. Mawe, maji yaliyolala, na ndani yake tumbaku.

Alisikia Arlene akisalimia, akipokea karatasi. Alisikia mhuri ukipigwa mara moja. Kisha Arlene akasema, kwa adabu ya kazi, kwamba mwaka huu kuna nakala yake pia, kuna mtu ameulizia gari.

Karatasi ilikwaruza kaunta.

Arlene alikuwa amesema yule mtu ni bubu. Hakuwa bubu.

"Huku ndiko ninakotoka," sauti ilisema.

Haikuwa na hasira. Ilikuwa sauti ya mtu aliyechoka, mtu aliyeelekezwa njia vibaya tena. Verna aliuma kiganja chake hadi akaonja damu. Hatua ziligeuka. Kengele ikalia. Injini ikapanda, ikashuka, ikapotea upande wa barabara kuu.

Ilichukua muda Arlene kumfungulia. Alikuwa ameshika tambara la kudekia, lakini hakuwa akideki. Aliyaangalia maji tu.

"Yule ni nani wako?" aliuliza.

Verna alimjibu kwamba si mtu.

Merle aliambiwa kwamba fomu ilikuwa na kasoro, kesi itachelewa. Verna hakumwonyesha ule ukurasa uliochapwa. Alijua Merle angecheka kama angemweleza, na alikuwa anampenda kwa sababu anacheka, kwa hiyo hakumweleza. Hilo ndilo kosa lake, kama ni kosa.

Siku kumi na nane baadaye Merle alifika kwa Verna na mapema, mashavu mekundu kwa baridi. Verna alikuwa amepika kuku na tambi nene za kukata, chakula anachokipenda. Merle alikula sahani ya kwanza yote kabla ya kusema. Alikuwa na habari nzuri, alisema. Wakili alirudishiwa ile fomu. Imekwama kwa kitu kidogo kabisa, anuani ya zamani, nyumba haipo. Basi yeye, ili asimsumbue, aliichukua, akasahihisha, akaipeleka mwenyewe.

"Ulisahihishaje?" Verna aliuliza.

"Nimeandika hapa, nyumbani kwako. Sahihi yako si ilikuwa pale chini tayari?"

Verna aliweka uma mezani. Aliuliza ni lini. Mchana, Merle akajibu. Na yule mama karani alikuwa na maneno ya ajabu, alitaka kuikataa, mpaka akamwonyesha barua ya wakili.

Sahihi ilikuwa yake. Mwandiko ulikuwa wa Merle. Sadie Kline alikuwa amekufa miaka sita iliyopita, na hapakuwa na mtu mwingine duniani wa kumwuliza kama hiyo inahesabika.

Nje kulikuwa kukiingia giza. Taa mbili za manjano zilikata kona, zikaja na njia ya kuingilia nyumbani, zikasimama langoni.

Hazikuvuka lango.

Merle alitoka na tochi. Alirudi baada ya dakika chache, hachezi wala hacheki. Pikapu ile haina mtu, alisema. Vioo vimefunikwa na mvuke kwa ndani. Mkononi alikuwa na karatasi iliyolowa, aliyoikuta imebanwa kwenye kioo. Ilikuwa nakala ya fomu ileile. Mwandiko wa Merle ulikuwa umekatwa kwa mstari mmoja ulionyooka, na chini yake nafasi ya anuani imeachwa tupu.

Tangu siku hiyo pikapu huja kila jioni. Huondoka kabla ya mapambazuko. Kila jioni kuna fomu moja, imelowa, na nafasi moja tupu. Jaji hatamtangaza kuwa amekufa mtu anayehuisha kadi yake kila mwaka. Kuhama nako Verna hawezi tena: kila nyumba inataka mkataba, na kila mkataba unataka anuani na sahihi.

Merle alihamia kwake ili asimwache peke yake. Majuma ya kwanza alikuwa akizichoma zile fomu jikoni. Siku hizi anazianika.

Jana jioni alitoka bila tochi. Verna alimtazama dirishani akifungua mlango wa pikapu, upande wa abiria, akaingia. Alikaa humo robo saa. Aliporudi viatu vyake viliacha maji kutoka mlangoni hadi mezani, na alinuka tumbaku. Merle havuti.

Aliikunjua fomu, akailaza mbele ya Verna, akailainisha kwa viganja.

"Si mtu mbaya, Verna," alisema polepole. "Amechoka tu. Ungeandika, yaishe."

Akasogeza kalamu.

Verna aliingiza mikono yote miwili chini ya mapaja yake, akaikalia.