Mwandiko Wangu Juu ya Diski

Mzazi mwenzangu, nakuandikia ili yaliyonikuta yasikukute.

Binti yangu ni fundi wa mashine za gemu za zamani. Kibanda chake kimeegemea nyumba yetu. Alikijenga ubao kwa ubao baada ya baba yake kufariki. Kila asubuhi mimi nafagia, yeye anapuliza vumbi ndani ya mashine.

Diski za zamani huchubuka. Basi akawa anazinakili kwenye kompyuta. Diski nzima inakuwa faili moja. Faili hilo analiweka kwenye diski tupu, anamuuzia mteja.

Kuandika majina ya gemu juu ya diski ilikuwa kazi yangu. Niliishia darasa la saba, lakini mwandiko wangu ni mzuri.

Siku moja jirani yetu, karani mstaafu wa mahakama, alileta mashine ya mjukuu wake. Akaokota diski moja.

"Mwandiko wa nani huu?"

"Wangu, jirani!" nikajibu kwa kujidai.

Hakutabasamu. "Basi umetia sahihi kwenye kosa."

Binti yangu akacheka. "Bibi, gemu hizi zimezeeka kuliko mimi. Madukani hazipo tena. Nani atazidai?"

"Hata mimi nimezeeka, na madukani sipo. Ndiyo nimekuwa mali ya kila mtu?"

Tulicheka. Jirani akaendelea taratibu.

"Sikiliza, mjukuu wangu. Haki ya mwenye gemu hudumu miaka mingi, hata kama gemu haiuzwi tena. Ukinunua diski halali, unaweza kuicheza, unaweza kuiuza hiyohiyo. Kuitolea nakala za kuuza, hapana."

"Na nakala ya akiba, yangu mwenyewe?"

"Hapo sheria za nchi hutofautiana. Kwingine wanaruhusu, kwingine hawaruhusu. Kaulize ofisi ya hakimiliki. Lakini kuwauzia watu bila ruhusa, hata kuwagawia bure, ni kosa karibu kila mahali."

"Wateja wanasema ukiifuta nakala baada ya siku moja si kosa."

"Porojo! Miaka yote mahakamani sijaiona sheria hiyo. Wakaguzi wa hakimiliki wakija, watabeba mashine zote. Na mwenye kibanda atashtakiwa."

Mwanangu angepoteza kibanda chake, na ushahidi nimeuandika kwa mkono wangu!

Mchana uleule tulivunja nakala zote. Kila iliyopasuka, nilisoma jina nililoliandika. Binti yangu alifuta mafaili, kisha akaenda ofisi ya hakimiliki kuuliza. Sasa anatengeneza mashine, anasafisha diski zilizochubuka, na anauza diski halisi tu.

Baada ya wiki chache wakaguzi walipita mtaani kwetu. Kwenye kibanda cha pili kutoka chetu walibeba kila kitu. Kijana mwenye kibanda hicho alikaa chini, mikono kichwani.

Kwetu walipekua diski moja moja. Hawakukuta nakala. Wakati wa kutoka, mkubwa wao alisimama mbele ya ubao wetu mpya wa mlangoni, ulioandikwa: "Hapa hatunakili gemu."

"Nani kaandika hivi?" akauliza.

Nilisogea mbele, nikajibu.

"Ni mimi, mama yake."