Maharage ya Kilomita

Kila jioni Anneth alipolisikia gari la baba yake likipanda kutoka barabara kuu ya Karatu, aliacha kazi aliyokuwa akiifanya, hata kama ni kuchambua mchicha, akaenda kusimama mlangoni.

"Shikamoo, baba. Leo wapi?"

"Marahaba. Leo Mbulumbulu, kwenda na kurudi. Halafu nikapeleka kabichi kule geti la Ngorongoro, kwenda na kurudi."

"Matano na matatu. Manane."

"Haya, weka."

Anneth aliingia jikoni, akachota maharage manane kutoka kwenye gunia, akayadondosha moja moja ndani ya kopo lililokaa juu ya kabati, pembeni ya redio.

Baba yake, Elibariki, alikuwa Mchaga wa Machame aliyekuja Karatu kufungua duka la mbegu na mbolea. Gari lake halikuwa pikapu wala jipu la watalii. Lilikuwa gari la familia, limeinuka kidogo kama jipu, lakini ndani lina viti laini kama teksi. Siku za kazi lilibeba mbegu na kabichi, Jumapili likawabeba wote kwenda kanisani. Lilikuwa na ugonjwa mmoja tu: waya wa kuhesabu kilomita ulikuwa umekatika, na ule mshale wa mwendo ulilala tu kama umekufa.

Sasa, Fundi Seif alikuwa ameagiza kwamba kila baada ya kilomita elfu tatu gari lipelekwe gereji. Oili ibadilishwe, na kichujio cha hewa kipulizwe, kwa sababu vumbi jekundu la Karatu linatafuna injini kama mchwa anavyotafuna mti. Lakini bila waya, elfu tatu utazijuaje? Baba aliufuata waya mpya hadi Arusha, akatajiwa bei, akarudi mikono mitupu. Ndipo mama, Verediana, alipokumbuka jinsi mama yake mzazi alivyokuwa akihesabu magunia ya ngano kule Mbulumbulu. Harage moja likawa kilomita kumi. Yakifika mia tatu, gari linakwenda kwa fundi. Na kwa kuwa Anneth alikuwa hodari wa hesabu darasa la sita, kopo akakabidhiwa yeye.

"Hii ndiyo dashibodi yetu," baba alipenda kuwaambia wageni, "na mwenye dashibodi ni huyu hapa."

Mwezi wa pili, Mwalimu Mathias alitangaza kwamba Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa sita darasa la sita lingeshuka kreta ya Ngorongoro kuangalia wanyama. Mchango ulikuwa shilingi elfu tano, mwisho wa kulipa ni mwisho wa mwezi wa tano.

"Mimi nimeshalipiwa," alisema Salha, waliyekaa naye dawati moja, ambaye baba yake aliuza vitambaa sokoni. "Wewe je? Maana umezaliwa hapa hapa, mlima unauona ukiwa chooni kwenu, na kifaru hujaona hata mkia! Wazungu wanapanda ndege siku mbili."

Darasa lilicheka. Anneth naye alicheka, ila uso uliwaka moto.

Jioni alimweleza baba yake. Baba alivua kofia akajikuna kichwa.

"Mwanangu, sevisi ya gari ni elfu thelathini na tano. Oili lita nne, filta, kupuliza, na mkono wa fundi. Mwezi tukilipa sevisi, unajua mwenyewe tunavyokula hapa. Kopo likijaa kabla ya safari yenu, itabidi usubiri mwakani. Lisipojaa, utakwenda. Gari kwanza. Mwezi huo huo wa sita madaktari wa macho wanakuja hospitali, na bibi yako lazima aletwe."

Bibi mzaa mama aliishi peke yake Mbulumbulu. Jicho la kushoto lilikuwa limefunikwa na mtoto wa jicho muda mrefu, na sasa la kulia nalo lilikuwa likiingia ukungu. Aliwatambua wajukuu zake kwa kuwapapasa vichwa. Madaktari wale walikuja mara mbili tu kwa mwaka, siku mbili kila mara.

Anneth aliyahesabu maharage koponi. Yalikuwa mia moja na tisini. Akapiga hesabu: kwa mwendo wa baba, kopo lingejaa mwezi wa tatu.

Kesho yake baba alirudi tena kutoka Mbulumbulu na getini. Anneth alichota manane, akadondosha sita. Mawili aliyarudisha kwenye gunia. Maharage mawili ni kitu gani? Mama alipika makande, na familia ikazila zile kilomita ishirini bila kujua.

Wiki iliyofuata akarudisha nusu. Mwezi wa nne ulipofika, siku nyingine alilitikisa tu kopo lilie, asiweke chochote.

"Biashara ya mwaka huu mbovu," baba alisema jioni moja wakiwa mezani. "Hata kopo linakataa kujaa. Mangapi sasa, mwanangu?"

"Mia mbili na sitini, baba."

"Umeona! Halafu leo ile taa nyekundu ya oili imewaka mlimani, ikazima, ikawaka."

Mama aliacha kutafuna. "Si likaangaliwe, Baba Anneth?"

"Dashibodi yenyewe ilishakufa, itakuwa inaota ndoto. Kopo linasema bado."

Tonge la ugali lilimkwama Anneth kooni. Sasa hivi, alijiambia, niseme sasa hivi. Akanywa maji, likashuka, na maneno yakashuka nalo. Mwisho wa mwezi baba alimpa elfu tano, noti iliyokunjwa vizuri, na Anneth akaipeleka shule.

Ijumaa, siku moja kabla ya safari ya kreta, baba aliomba ruhusa shuleni ili Anneth waende wote kumchukua Bibi, maana Bibi alipenda kuongozwa na mkono wake. Ilikuwa ndiyo siku ya pili na ya mwisho ya madaktari. Walimkuta Bibi amekaa kwenye kigoda mlangoni, amevaa kitenge kipya, hajala kitu kama alivyoagizwa.

"Nimeota namwona ng'ombe wangu madoa yote," aliwaambia huku akicheka. "Twendeni upesi."

Ukungu ulikuwa mzito, manyunyu yanadondoka. Kwenye mlima wa kwanza, injini ilianza kugonga, ko, ko, ko, kama mtu anatwanga mahindi ndani yake. Taa nyekundu iliwaka na haikuzima. Baba alikanyaga mafuta afike juu. Kugonga kukawa mshindo mmoja mkubwa, moshi ukatoka, na gari likanyamaza.

Hakuna gari lililopita. Kijibaridi kiliwaingia hadi kwenye mifupa, na Bibi, aliyekuwa na njaa, alitetemeka ndani ya shuka ya baba. Saa nane mchana trekta la mkulima mmoja lilitokea, likawafunga kamba na kuwavuta taratibu mpaka Karatu. Walipofika hospitali ilikuwa saa kumi na moja.

"Pole, bibi," alisema muuguzi akiwa na funguo mkononi. "Wameshafungasha vifaa. Watarudi mwezi wa kumi na mbili."

"Mwezi wa kumi na mbili si mbali," alijibu Bibi, akapapasa ukuta akitafuta mlango.

Asubuhi ya Jumamosi Anneth alivaa sare, akabeba chapati mbili kwenye mfuko. Mama alimwambia aende tu, kwa kuwa mchango ulishalipwa. Basi lingeondoka shuleni saa mbili, na njia ya shule ilipita mbele ya gereji ya Fundi Seif. Kabla hajafika alisikia sauti ya baba yake.

"Uliniwekea oili chakavu, Seif! Sema ukweli!"

Watu walikuwa wamejaa. Chini ya gari palikuwa na karai lenye oili kidogo sana, nyeusi, nzito kama lami.

"Baba Anneth, miaka sita nipo Karatu," Seif alisema taratibu, mikono imelowa. "Naswali na watu hawa, nauza jasho langu kwa watu hawa. Nikuwekee oili ya kumwaga, ili iweje? Hii haijabadilishwa, na imekwisha. Umetembea elfu tano, labda sita."

"Kopo langu halijafika hata elfu tatu!"

"Kopo?" mtu mmoja aliuliza, na wengine wakaangua kicheko.

Lomayani, dereva wa watalii aliyekuwa amekuja na jipu lake, hakucheka. Alikunja mikono akasema, "Fundi, kama mambo ndiyo hayo, mimi yangu nitaipeleka kwingine." Wengine wawili waliitikia kwa vichwa. Seif aliinamisha uso, akaanza kufuta spana ambayo ilikuwa safi tayari.

Kwa mbali basi la shule lilipiga honi. Anneth aliitazama barabara, kisha akamtazama Seif. Miguu ilitaka kukimbia. Badala yake alipenya katikati ya watu.

"Shikamoo, fundi. Shikamoo, baba." "Kopo linasema uongo. Mimi ndiye niliyelifundisha. Nilikuwa nayarudisha maharage kwenye gunia, ili lisijae kabla sijaenda kreta."

Hakuna aliyecheka sasa.

"Mangapi?" aliuliza baba.

"Sijui, baba. Mia tatu yanafika."

Basi lilipita. Watoto walikuwa wanaimba, na Salha alitoa mkono dirishani akipunga. Anneth hakuinua wake.

Baba alikaa juu ya tairi. Kisha akasimama. "Fundi, nimekuvunjia heshima mbele ya watu. Mbele ya watu hawa hawa, nisamehe."

"Yamekwisha, mzee. Ya injini ndiyo yanaanza." Seif alichomoa kijiti chembamba kutoka kwenye injini. "Lakini na wewe nikwambie. Hiki ndicho cha kupimia oili. Kila asubuhi unakichomoa, unakifuta, unapima. Na taa nyekundu ikiwaka, unasimama hapo hapo. Mtoto amekosa sana. Ila leseni ni yako, si yake."

Baba alikipokea kijiti, akakifuta.

Ule mhimili unaozunguka ndani ya injini ulipelekwa Arusha kuchongwa, na beringi zikanunuliwa mpya. Pamoja na ufundi, gharama ilifika laki mbili na themanini. Sevisi nane kamili. Duka lilitoa ilichoweza, na kwa kilichobaki Bibi aliuza mtamba wake aliyekuwa na mimba, yule yule aliyeota kuona madoa yake. Mpaka gari lilipowaka tena, mwezi wa nane, mama alikuwa akipeleka mbegu kwa kuomba lifti.

Likizo ya mwezi wa sita Anneth aliomba akae Mbulumbulu amsaidie Bibi. Siku ya kwanza tu alipiga magoti akamweleza yote. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaomba maji ya kunywa. Hakumkaripia, wala hakumwambia si kitu. Siku zile Anneth alichota maji, akakata kuni na kukamua, na Bibi akamshukuru kama anavyoshukuriwa mgeni. Hilo lilimuuma kuliko fimbo.

Kisha shule zikafunguliwa, Bibi akabaki peke yake. Mwezi wa tisa, akiwa anaepua uji, mkono ulikosa sufuria ukashika moto. Kiganja chote cha kulia kikaungua.

Baba hakutaka tena habari ya maharage. Aliununua ule waya, na kilomita zikaanza kujihesabu zenyewe. Hata hivyo kila asubuhi alimwita Anneth, naye akachomoa kile kijiti, akakifuta na kupima mbele yake. Mwezi wa kumi na moja zilipotimia elfu tatu, gari lilikwenda kwa Fundi Seif siku ile ile. Wiki ile walikula ugali na mchicha bila mafuta, na Anneth alikuwa wa kwanza kumaliza sahani.

Madaktari waliporudi mwezi wa kumi na mbili, gari lilipanda na kushuka milima ya Mbulumbulu bila kelele, na Bibi akawa wa kwanza kwenye mstari. Kesho yake asubuhi walimfungua bandeji ya jicho la kulia. Alipepesa mara nyingi. Akamtazama Anneth kuanzia kichwani hadi miguuni.

"Kumbe umekuwa mrefu hivi," alisema.

Halafu alikigeuza kiganja chake, akaliangalia kovu ambalo tangu alipate hakuwa amewahi kuliona. Aliliangalia sana. Anneth akaanza kulia.

"Lia, lakini nisikilize," Bibi alisema. "Kutaka kwenda kreta si dhambi. Ungemwambia baba yako kopo limejaa, ungeikosa safari, ungelia siku mbili, yangekwisha. Wewe ukaibadilisha hesabu. Mtu akipewa hesabu ya uongo anatembea amefumba macho, hata kama macho yake ni mazima. Baba yako aliendesha hivyo miezi mingi. Fundi wa watu alikaribia kukosa wateja. Na mimi hapa mkono wangu ndio huu. Ukweli ni kama ile sevisi yenu, mjukuu wangu. Siku yake ikifika, ulipe, hata kama unauma. Ukiuahirisha haufutiki, unapanda bei tu."

"Nisamehe, Bibi."

"Nilikusamehe siku ile uliyopiga magoti. Nilinyamaza ili usikie mwenyewe uzito wake." Bibi aliinuka kitandani. Anneth alinyoosha mkono ili amwongoze kama kawaida. Bibi aliushika kwa kile kiganja chenye kovu, na safari hii ni yeye aliyetangulia mlangoni.