Plagi Mkononi

Hadithi hii ni ya kweli kuanzia herufi ya kwanza hadi nukta ya mwisho. Msimulizi ameapa kwa meno yake matano yaliyobaki, kisha akaongeza ahadi: atakayekuta humu uongo, hata mdogo kama sisimizi, msimulizi atamnyooshea debe zima la misumari iliyopinda. Haya, tuanze.

Kila siku alipotoka shuleni, Teresina alivua sare, akala kisra iliyobaki, ule mkate mwembamba wa mtama, kisha akaingia karakana ya Shangazi Florence, hapo hapo nyuma ya nyumba yao mtaani Kator, mjini Juba. Shangazi alijifunza useremala katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma, na Kiswahili pia. Alikuwa akinunua paleti, yale majukwaa ya mbao ya kubebea mizigo uwanja wa ndege, akizibomoa na kuzigeuza vitanda na meza.

Paleti hazibomoki kwa kubembelezwa. Ndiyo maana Shangazi alikuwa na msumeno wa umeme wenye ubapa mwembamba unaokwenda mbele na nyuma kwa kasi ambayo macho hayaifuati. Aliupitisha kati ya ubao na ubao, nao ukakata misumari kama mtu akatavyo bamia. Kelele zake zilifanya kuku wa mtaa mzima watage mayai mawili mawili kwa siku.

Teresina hakuruhusiwa kuutumia. Kazi yake ilikuwa nyingine, na Shangazi aliiita kazi kubwa kuliko zote: kulinda plagi. Ubapa ulipohitaji kubadilishwa, Teresina alichomoa plagi, akaiinua juu. Shangazi aligeuka, akaiona kwa macho yake, ndipo akavaa glavu na kuugusa ubapa.

Ijumaa moja walikuwa mbioni. Darasa la Teresina lilikuwa likikaa sakafuni tangu muhula uanze, na mwalimu mkuu alitaka madawati kumi na mawili yafike Jumatatu asubuhi. Tisa yalikuwa tayari. La kumi lilikuwa bado mbao tupu, lakini Teresina alishaliwekea alama ya siri kwa penseli, upande wa chini.

Umeme wa karakana ulitoka kwenye jenereta ya jirani yao, Mzee Jada, dereva mstaafu wa malori, mzee mwenye sura nzuri na tabia nzuri zaidi. Saa kumi hivi, Shangazi akiwa katikati ya kukata, jenereta ilikohoa mara mbili, ikazimika. Petroli imekwisha. Msumeno ukanyamaza.

"Si kitu," Shangazi akasema, akiuweka mezani. "Ubapa wenyewe umekwisha meno. Tuubadilishe wakati tunasubiri. Plagi?"

Soketi ilikuwa nyuma ya rundo la mbao, mahali pa kuinama na kuchomwa na vibanzi. Teresina alikuwa amekaa kwa raha akipanga skrubu. Akawaza, umeme wenyewe haupo, plagi ya nini?

"Nimechomoa, Shangazi."

Shangazi alikuwa na haraka, hakugeuka. Akavaa glavu, akazungusha kibano kilicho mbele ya msumeno, ubapa wa zamani ukadondoka. Akachukua mpya, akaanza kuuingiza.

Hapo Teresina akatupa macho uani, na moyo ukamlipuka. Aliona nini, tusiulize sana. Akisema, Shangazi atajua amedanganya, na huenda asimwamini tena. Asiposema... Akavitazama vidole vya Shangazi, vile vile vilivyomsuka nywele Jumapili.

"Shangazi, toa mkono. Nimedanganya. Sijachomoa."

Shangazi hakuuliza swali. Aliachia kila kitu mezani, akarudi nyuma hatua mbili. Papo hapo jenereta ikanguruma. Iliwaka yenyewe, kama jenereta zifanyavyo mara nyingine. Msumeno ukarukaruka mezani kama kambale aliyetolewa majini, na ubapa mpya, ambao haukuwa umebanwa, ukachomoka na kwenda kujidunga kwenye mlango wa kabati. Teresina akajitosa nyuma ya rundo la mbao, akachomoa plagi. Kimya.

Shangazi alivua glavu polepole, akavitazama vidole vyake kimoja kimoja. Teresina alikuwa akilia. Alingoja kufukuzwa.

"Njoo ukae hapa," Shangazi akasema. "Kudanganya umedanganya, hilo halina jina lingine. Lakini umesema ukweli kabla damu haijamwagika, ukijua utaadhibiwa. Kwa hiyo bado nina vidole kumi. Na mimi nina kosa langu. Kile kitufe kinachouacha msumeno uendelee bila kubonyezwa, sikukifungua. Tena nilikubali maneno badala ya kuitazama plagi. Umeme ukikatika haujaaga, mwanangu, na haukwambii utarudi saa ngapi. Hata Juba nzima iwe giza, plagi inachomolewa, na anayegusa ubapa anaiona."

Kisha akaiweka plagi mezani, mbele yao wote wawili. Wakafungua kitufe, wakangoja chuma kipoe, na Shangazi akamvalisha Teresina glavu. Siku hiyo Teresina alibadilisha ubapa kwa mara ya kwanza. Akazungusha kibano, akausukuma ubapa hadi mwisho, akaachia, akauvuta kuona kama umeshika.

"Vuta tena," Shangazi akasema. Akavuta tena. Umeshika.

Madawati yakaisha Jumamosi jioni. Jumatatu Teresina alikalia la kumi.

Baadaye msimulizi alimpelekea Teresina karatasi hizi, amkagulie herufi kabla hazijasomwa darasani. Teresina alisoma kwa kidole, mstari kwa mstari, kisha kidole kikasimama.

"Mzee Jada, hapa umeandika jenereta iliwaka yenyewe."

Mzee Jada, maana msimulizi ni yeye, alitazama mawingu. Akasema jenereta za zamani zina akili zao.

"Nilikuona kwenye mwanya wa ua. Ulikuwa umeshaweka petroli na umeshika kamba ya kuwashia. Na ulimwahidi Shangazi kwamba utapiga sufuria kabla ya kuwasha. Hukupiga. Ya kuku nimekusamehe."

Mzee Jada aliyafikiria meno yake matano. "Malesh, nisamehe, binti yangu," akasema. "Nilisahau, kisha nikaona haya."

Kisha akaomba nyundo. Siku hizi hawashi jenereta kabla ya kugonga sufuria mara tatu na kusikia Teresina akimjibu. Debe lenyewe la misumari lilikuwa limejaa pomoni. Amefika nusu, na kidole gumba cha kushoto kimevimba. Hilo ni kweli kabisa, njooni mkione.