Udongo wa Kuwatolea Inzi Weupe

Editha aliamka amechoka, kama asubuhi zote tangu inzi weupe waingie kwenye kitalu chake pale Kinampanda. Hoho zake hazikuoteshwa ardhini. Zilisimama kwenye mabomba ya plastiki, mizizi ikining'inia ndani ya maji yenye mbolea. Alikwisha kunyunyiza mwarobaini, akatundika karatasi za manjano zenye gundi, akafuta majani kwa maji ya sabuni. Bado, ukigusa mche, wadudu waliinuka kama majivu. Na mashemeji walishasema: hoho zikifa, mjane arudi kwao.

Wifi yake Severina, dada wa marehemu mumewe Yohana, alimkumbusha desturi ya ukoo. Wadudu hufungwa kwenye jani pamoja na udongo wa shamba lao. Mwanamke huwatupa njia panda mchana, asigeuke nyuma wala kumwamkia mtu.

Editha alifanya hivyo. Akirudi, alisikia hatua nyuma yake. Hakugeuka. Mzee Antipasi, jirani aliyekuwa akija mbele, hakumtazama. Alivua kofia, akamwinamia aliye nyuma.

Nyumbani Severina alikuwa anachambua mlenda. Akamtania, wageni wake amewasindikiza vizuri? Kisha mikono yake ikasimama.

"Wifi, shamba lako halina udongo. Ulichota wapi?"

"Nyuma ya nyumba. Palipokuwa laini."

Nyuma ya nyumba palikuwa laini mahali pamoja tu: kaburini kwa Yohana.

"Basi umempa kazi," Severina alinong'ona.

Waliingia kitaluni. Kimya. Hakuna kilichoruka. Chini ya kila jani inzi walikuwa wamepondwa, na juu yao alama ya dole gumba. Mbichi. Ya kijani. Katikati ya kila alama ulipita mstari.

"Kaka alijikata dole na mundu," alisema Severina. "Hapo hapo."

Editha alitaka kuogopa, uchovu ukamzidi. Akaketi chini, akasema kwamba angalau sasa hatafukuzwa.

Severina alikuwa ameacha kutazama majani. Alikuwa anamtazama Editha shingoni, kwa nyuma.

Hoho zilivunwa. Editha bado anaishi pale, na hakuna shemeji anayemwambia aondoke. Hata jua likiwaka vipi, hufunga kitenge mpaka juu shingoni. Amesugua kwa kila sabuni. Ule ukijani wa dole gumba haujatoka, wala mstari unaopita katikati yake.