Beji ya Ndugu Wawili

Beji ya kwanza ambayo Mugisha hakuihangaikia ilimjia Jumapili, akiwa kanisani na familia yake, kompyuta imezimwa nyumbani na umeme umekatika Miembeni nzima tangu alfajiri. Umeme uliporudi alifungua ukurasa wake wa michezo ya mtandaoni kabla hata hajavua koti la ibada, akaikuta mwishoni mwa beji zake nyingine. Ilikuwa na picha ya mlango ulioachwa wazi kidogo, na chini yake neno moja: Ameingia.

Mugisha alifurahi. Aliwapigia simu mafundi wenzake kuwatambia kwamba amepata beji ambayo hakuna mchezaji mwingine aliye nayo. Nancy, mkewe, alimpita, akaenda jikoni kupasha chakula, na huko akakuta mlango wa uani, ambao aliufunga kwa komeo kwa mkono wake mwenyewe, uko wazi kidogo. Hakuna kilichoibwa. Akajiambia kwamba amesahau, maana mwenye mapacha wachanga husahau mengi, akarudishia komeo.

Tumseme Mugisha mapema, tusije tukamwonea huruma mahali asipostahili. Mchana alikuwa fundi simu, tena fundi mzuri. Jioni hakuwa mume wala baba, alikuwa mtu wa beji. Kwenye jukwaa lile la michezo kila mchezaji ana ukurasa wake, na kila akifanya jambo gumu mchezoni hupewa beji, kijipicha kinachong'aa, hakiliwi wala hakivaliwi, kazi yake ni kuonwa na watu usiowajua. Kwa ajili ya vijipicha hivyo Mugisha aliwaacha mapacha wake, Ishengoma na Kato, walie mpaka Nancy anyanyuke kwenye cherehani, uzi ukining'inia mdomoni.

Beji aliyoitamani kuliko zote iliitwa Ndugu Wawili. Hiyo huipati peke yako. Lazima upate mwenzako, mvuke pamoja mji ulioteketea, na asiwepo wa kumkimbia mwenziwe. Wenzake wote walikwisha kumkimbia kwa sababu ya mdomo wake mchafu. Ndipo akatokea mchezaji aliyejiita Nusu, picha yake nyeusi tupu, akamwandikia kwa Kihaya. Kilikuwa Kihaya cha kizee, chenye maneno ambayo Mugisha aliyasikia mara ya mwisho kwa babu yake kule Ngenge, Muleba. Alipomuuliza anaishi wapi, Nusu alijibu kwamba anaishi hapo hapo kwake.

Nancy alikuwepo jioni waliyocheza, siku chache kabla ya Jumapili ile, akikunja sare za shule alizozishona. Nusu aliandika kwamba kabla ya safari watu hula kahawa. Mugisha akacheka, akafungua kifurushi cha kahawa za kutafuna ambazo mama yake, Restituta, humtumia kutoka Ngenge, akabana tunda moja kwa meno mpaka likaachia punje zake mbili. Siku zile alikuwa na kidonda kwenye fizi, na punje zote mbili zilitoka na damu. Moja akaimeza. Ya pili akaiweka mbele ya kompyuta, akasema, "Hiyo yako, ndugu yangu."

Beji waliipata kabla ndizi hazijaiva jikoni. Asubuhi punje haikuwepo. Mugisha alisema imebebwa na sisimizi, na Nancy, ambaye hajawahi kuona sisimizi wa kubeba kahawa, alinyamaza. Laiti asingenyamaza.

Baada ya Ameingia ikaja Amekula. Siku hiyo Nancy alifunua sufuria la ndizi na maharage akakuta nusu haipo, nayo haikuchotwa kwa mwiko bali imekatwa kwa mstari ulionyooka, kama kitambaa kilichopigwa chaki. Kisha ikaja Amelala, na tangu hapo upande mmoja wa kitanda ulikuwa na joto hata kama hapakuwa na mtu. Nyumba ikaanza kunuka kahawa iliyochemshwa na majani yake, harufu ambayo Nancy aliipenda tangu utoto wake Kagondo, ila hii ilikuwa na udongo mbichi ndani yake, harufu ya shimo lililochimbwa leo.

Alasiri moja mvua ilikuwa ikipiga bati, naye amewalaza watoto kitandani na kukaa kwenye cherehani pembeni yao, akasikia kitu kinatafuna. Alidhani ni sindano inagonga, akasimamisha mguu, cherehani ikanyamaza, lakini kule chini ya kitanda kutafuna kukaendelea taratibu, kama kwa mgeni mwenye adabu ambaye hana haraka ya kuondoka, meno yakivunja ganda, yakipumzika, yakivunja jingine, na Nancy akataka kuinama kutazama na shingo ikamkatalia, akawa amekaa tu na mkasi mkononi akimwangalia Kato, ambaye aligeuza kichwa chake kidogo ukingoni mwa kitanda, akatazama chini kwenye giza lile, akacheka kama anavyocheka akimwona baba yake.

Tangu siku ile Kato aliacha kunyonya vizuri. Ishengoma alinenepa, Kato akakonda, na pumzi yake, ya mtoto ambaye hajaota hata jino moja, ikanuka kahawa. Hospitali walimpima wasione kitu. Jioni waliporudi, beji mpya ilikuwa inasubiri. Picha yake ilikuwa punje mbili zimelala pamoja, moja nyeupe, moja imetiwa weusi. Chini yake: Amechagua.

Nancy alimsimamia mumewe kichwani. Moyo wake ulikuwa umejaa chuki, na si chuki dhidi ya hilo jini lisiloonekana peke yake.

"Futa akaunti, Baba Ishengoma."

"Nancy, hizo ni beji za miaka. Unajua nimezipataje?"

"Najua. Futa, au asubuhi nabeba watoto wangu na hutatuona tena."

Alifuta, au tuseme alijaribu. Ukurasa ulimjibu kwamba akaunti ina wenyewe wawili na mmoja hajakubali. Halafu dirisha la mazungumzo likafunguka lenyewe, herufi zikajipanga polepole mbele yao.

"Shemeji, usinifukuze. Mimi si mwizi. Nusu ni yangu."

Nancy alilisoma neno hilo, shemeji, mara mbili. Hakuwa akisemeshwa na adui. Alikuwa akisemeshwa na mtu wa nyumbani.

Mchungaji wao alikuja na wazee wa kanisa. Waliomba chumba kwa chumba, wakaimba mpaka majirani wakaitikia ukutani, na Nancy akapata nguvu kidogo. Walipoondoka kompyuta ililia kengele yake ya beji. Ilikuwa picha ya mikono imekunjwa kwa sala, na neno: Ameombewa. Mugisha aliweka kichwa juu ya meza akalia. Nancy hakumbembeleza.

Ndipo Restituta akaja kutoka Muleba pamoja na kaka yake Karugendo, mganga aliyejulikana Ngenge yote, mzee mnene mwenye rozari shingoni aliyependa kusifiwa. Aliuliza maswali yake, akaambiwa habari ya ile kahawa, akapiga mluzi. Restituta yeye alimgeukia mwanawe.

"Ulimpa kahawa mtu ambaye hujamwona uso?" alimuuliza kwa sauti ya chini. "Na damu juu yake?"

Karugendo akawaeleza. Zamani watu wawili wakitaka kuwa ndugu wa damu walipasua tunda moja la kahawa. Kila mmoja alijichanja kitovuni, akapaka damu yake kwenye punje, akampa mwenzake ameze. Hiyo ndiyo omukago. Ukishakula omukago na mtu, mlango wako ni wake, chakula chako ni chake, watoto wako ni watoto wake, na hakuna wa kumfukuza, awe mchungaji au mganga, kwa kuwa hamfukuzi mgeni, mnamfukuza ndugu.

"Basi mwanangu ameshaliwa," Nancy alisema.

Mganga akatabasamu. Alisema omukago ya mumewe ni kilema. Nusu alikula punje yenye damu ya Mugisha, sawa. Lakini ile aliyomeza Mugisha nayo ilikuwa na damu ya Mugisha mwenyewe. Nusu hajatoa kitu. Huyo bado si ndugu, ni mlaji tu, na anaweza kuambiwa hivyo.

Akamwamuru Mugisha aandike, naye akaandika: Hatujaona damu yako. Lete damu yako, au toka.

Walikaa wanne sebuleni, watoto mapajani, jioni ikiingia dirishani, na kule chumbani kutafuna kukaanza, kwanza kidogo kidogo, kisha kwa kasi, kisha kwa kasi ambayo hakuna taya la binadamu linaiweza, kukahamia ukutani, kukapita juu ya dari, kukashuka jikoni vyombo vikianguka kimoja baada ya kingine, mpaka mlango wa uani ukafunguka kwa kishindo na upepo wenye harufu ya shimo ukawapita miguuni kwenda nje. Halafu kimya. Kwenye ukurasa wa Mugisha beji zilianza kuzimika. Ikatoka Ameombewa, ikatoka Amelala, ikatoka Amechagua, na ya mwisho kabisa ikatoka Ndugu Wawili. Mugisha, amini usiamini, aliguna kwa uchungu alipoiona inatoka.

Nancy aliuliza swali moja tu wakati wanamsindikiza mganga.

"Na akiileta hiyo damu?"

"Jini halina damu, mwanangu," Karugendo alicheka. "Ataitoa wapi?"

Kato akaanza kunyonya. Akarudi mwili, akacheka na watu wanaoonekana. Mugisha aliiuza kompyuta, akajifunza kuogesha watoto, akaacha hata matusi. Nancy alimchunga kwa jicho kali, lakini taratibu chuki ikalainika, akaanza tena kumwekea chakula mezani badala ya kumwachia jikoni. Mpaka ile alasiri aliyokwenda Kagondo kupeleka sare, akawaacha watoto na baba yao kwa mara ya kwanza.

Aliporudi alimkuta Mugisha amekaa kwenye kigoda karibu na mlango wa uani, ametulia, anatafuna.

"Unakula nini?"

"Kahawa yako. Punje moja tu umeniwekea, mchoyo wewe." Alimwonyesha kisahani kilichokuwa kizingitini. "Imelowa kidogo. Ina chumvi."

"Mimi sikuweka kahawa."

Mugisha aliacha kutafuna. Alijaribu kuitema, ila ilikuwa imekwisha kushuka.

"Kahawa imewekwa mlangoni kwangu, Nancy," alisema kwa sauti ndogo. "Mtu anakataaje kahawa?"

Alikuwa akisema na mgongo wa mkewe. Nancy alikimbilia chumbani. Ishengoma alikuwa akilia mpaka sauti imemkauka. Kato alilala kando yake, kimya, macho wazi, na kwenye kifulana chake cheupe palikuwa na doa jekundu kubwa kama kifungo. Nancy alikipandisha. Kitovuni palikuwa na mkato mdogo, safi, uliochanjwa na mkono unaojua kazi yake. Akaelewa wakati huo huo. Walimtaka Nusu alete damu yake. Naye alishamchagua Kato awe mtoto wake, na damu ya mtoto ni damu yake.

Simu ya Mugisha, iliyoachwa kitandani, ikalia ile kengele. Beji ya Ndugu Wawili ilikuwa imerudi, inang'aa kuliko mwanzo, na chini yake maneno mawili.

"Shemeji, nimeleta."

Kule nyuma, jikoni, Nancy akasikia mlango wa uani ukirudishwa taratibu, na komeo likisukumwa kwa ndani.