Tangawizi Iliyotoka Mpala

Kila asubuhi Chadia aliwasha mbabula, jiko lake la makaa, akateleka maji ya chai, halafu akaenda kusalimia tini. Ilikuwa tini kuukuu ya mafuta, imewekwa kando ya mlango. Ndani yake mlipandwa tangawizi ya mama mkwe wake, Mama Mwanvua.

"Umeamkaje, mutoto wa bibi?" aliiuliza tangawizi, huku akiimwagia kikombe cha maji.

Ilikuwa miaka ya vita. Mama Mwanvua alikimbia kutoka Mpala kwa mtumbwi. Alifika kwa Chadia, Kalemie, na furushi moja, na kipande cha tangawizi amekifunga katika ncha ya kitenge. Huko Mpala, marehemu mume wake ndiye aliyekuwa anaipanda nyuma ya nyumba. Yeye kazi yake ilikuwa kuitwanga na kuitia kwenye chai.

"Hii ikifa," alisema siku waliyoipanda, "narudi Mpala kuchukua ingine."

Mwanawe Yassine, mume wa Chadia, alicheka. Mama hakucheka. Furushi lake hakulifungua. Lilikaa nyuma ya mlango na fundo lake, kama la mtu anayepita tu.

Chadia aliogopa. Bibi huyu ndiye aliyembeba mtoto Farida mgongoni ili yeye apumzike. Ndiye aliyemwita "mwanangu" tangu siku ya kwanza. Na njia ya Mpala ilikuwa imejaa wenye bunduki.

Mvua zilianza. Tangawizi ilichipua, ikatoa majani marefu, membamba. Nyumba nzima ikafurahi. Halafu majani ya chini yakawa ya njano. Kisha ya katikati.

"Iko na kiu," Chadia aliwaza. Akaongeza maji. Njano ikazidi.

Siku moja alimkuta Mama Mwanvua amepakata furushi, anakaza fundo.

"Mama, unaenda wapi?"

"Si unaiona inakufa? Mtumbwi wa Papa Hubert unashuka kusini kesho."

"Mama! Kule kuna risasi!"

"Risasi ziko, na kaburi la mume wangu liko."

Chadia alikimbia kwa jirani yao, Mama Bertille. Kabla ya vita, mama huyo alikuwa anafundisha wakulima wa Nyunzu. Alikuja mikono ikiwa bado na unga. Akachuchumaa, akaingiza kidole katika udongo, akakinusa.

"Mm! Mumepanda tangawizi ama mumefuga samaki? Nani anamwagilia?"

"Mimi tu," alisema Chadia. "Kikombe kimoja asubuhi."

Yassine akakohoa. "Na mimi kidogo. Ninachukulia udhu hapo. Maji safi, niyamwage bure njiani?"

"Kila sala?"

"Kila sala."

Mama Bertille akamgeukia Mama Mwanvua. Bibi alikuwa anatazama vidole vyake vya miguu.

"Na mimi udhu wangu ni hapo hapo," alisema. "Halafu naiongezea ya birika, kwa ajili ya marehemu."

Mama Bertille alicheka mpaka akashika ukuta. "Jamani! Muliipenda mpaka mukaizamisha!" Akainua tini, akaitazama chini. "Na matundu iko wapi?"

"Ya nini?" aliuliza Mama Mwanvua. "Si maji yatapotea?"

"Yapotee, Mama. Mizizi nayo inataka hewa. Maji yakisimama, inaoza. Jani la njano si kila mara kiu."

Wakaimwaga tini. Nusu ya tangawizi ilikuwa laini, inanuka. Mama Mwanvua akajifunika uso kwa kitenge.

"Imekwisha."

"Bado. Lete mkono, Mama. Hapa ni pagumu ama laini?"

"Pagumu."

"Na hiki kijicho, hiki kinundu hapa?"

Mama Mwanvua alikigusa polepole. "Kinatoka," alinong'ona. "Kinachipua."

Mama Bertille alikata sehemu iliyooza kwa kisu safi. Kidonda akakipaka jivu la mbabula, akakiacha kivulini kikauke. Yassine alitoboa tini kwa msumari. Chadia alichanganya udongo na mchanga na mavi ya mbuzi yaliyooza. Jioni, kidonda kilipokauka, walipanda kile kipande si chini sana, kijicho kikitazama juu. Wakafunika udongo kwa majani makavu. Tini wakaiweka karibu na migomba, penye jua la asubuhi na kivuli cha mchana.

"Sasa maji," alisema Mama Bertille. "Ingiza kidole. Kikikuta unyevu, ondoka. Kikikuta pakavu, mwagilia kwenye shina mpaka maji yatoke matunduni. Na kidole kiwe cha muntu mumoja."

"Cha nani?" aliuliza Yassine.

Wote wakamtazama bibi.

"Changu," alisema. "Lakini mtumbwi..."

"Mwenye kidole hasafiri," alisema Chadia haraka.

Tangu hapo udhu ulichukuliwa kwenye migomba. Migomba inapenda maji, haikulalamika. Na tangawizi ilirudi, kijani kabisa.

Kiangazi kilipofika, majani yakawa ya njano tena. Chadia akashtuka, akachukua kikombe. Mama Mwanvua akampiga kikofi mkononi.

"Acha! Imekomaa. Bertille alinieleza. Sasa maji tunapunguza, halafu tunachimba."

Walipochimba, tangawizi ilikuwa fungu zima, vipande vimeshikana kama watoto waliolala kitanda kimoja. Mama Mwanvua akamega. Hiki cha Mama Bertille. Hiki cha chai. Hiki cha kupanda mvua zikianza.

"Na hicho kikubwa?" aliuliza Yassine.

"Cha Mpala. Vita vikiisha, nitampelekea baba yako. Sasa ni mimi niliye na mbegu."

Chadia akateleka chai. Harufu ya tangawizi ikajaa uwanja mzima. Alipokuwa anapanga vikombe, Mama Mwanvua aliinuka, akaingia nyumbani. Alirudi na furushi. Akakaa, akalegeza fundo kwa meno, akatoa kikombe cha bati kilichobonyea ubavuni.

"Hicho cha wageni rudisha, mwanangu," alisema. "Nitilie katika changu."